Kona ya Deki: VCD zangu za Kituruki zimegoma, nizitupe?

Toleo lililopita niligusia VCD kwa mistari miwili mitatu tu, nikasema mwenye nazo za tamthilia za Kituruki asikimbilie kuzitoa nje na takataka. Basi mmenivamia. Wengi wenu mko Uturuki au mlisoma huko mkarudi na maboksi. Nimechagua barua chache, zingine nimezifupisha manake kuna mtu kaniandikia kurasa sita kuhusu mwigizaji Türkan Şoray peke yake, na si kwamba nalaumu.

Kaka wa Deki, shikamoo. Mi nilisoma Ankara miaka ya mwanzo ya 2000, bweni zima tulikuwa na TV moja na tamthilia ya Asmalı Konak ikianza hakuna wa kupita mbele ya kioo. Nilinunua VCD kibao pale mtaa wa Kızılay, za tamthilia na za filamu, nimezitunza mpaka leo. Sasa laptopu yangu mpya haina hata sehemu ya kuweka CD, nikaazima ile ya nje ya USB, diski inazunguka inaunguruma halafu naona mafolda tu na faili moja kubwa la DAT ambalo kompyuta inasema hailijui. Nikilikopi linafika katikati linagoma. Nizitupe? – Dada wa Ankara

Marahaba mdogo wangu, usitupe kitu.

Kwanza hilo faili la DAT ndio video yenyewe. Ingia folda inaitwa MPEGAV, humo utakuta AVSEQ01.DAT, pengine na la 02, hiyo ni video ya aina ya MPEG-1 ya kawaida kabisa ila imefungwa kwa namna ambayo programu nyingi za siku hizi haziitambui. Weka VLC, ni ya bure, halafu lifungue faili hilo kwa VLC moja kwa moja au mwambie afungue diski na umchagulie VCD. Kwa wengi wenu habari inaishia hapo, endeleeni kutazama.

Ila wewe la kwako linagoma katikati, na hapo kuna sababu ambayo watu wengi hawaijui ndio maana wanadhani diski imekufa. CD ya data ya kawaida imegawanywa vipande vidogo vinaitwa sekta, na kila sekta inabeba baiti 2,048 za mzigo wako halafu nafasi inayobaki inawekewa taarifa za ziada za kurekebisha makosa, kwa hiyo mkwaruzo ukila herufi mbili tatu kompyuta inazipiga hesabu na kuzirudisha. Sasa waliotunga VCD mwaka 1993, Philips na Sony na JVC na Matsushita, walitaka zaidi ya saa nzima ya video iingie kwenye CD moja, wakaona hiyo nafasi ya kurekebisha waichukue waijaze picha. Sekta ya VCD ikawa inabeba baiti 2,324. Ndio maana CD iliyoandikwa MB 700 inabeba video ya karibu MB 800, sio uchawi, ni bima imeuzwa. Deki ya zamani ikifika kwenye mkwaruzo inaruka, unaona vile viboksi vya rangi sekunde moja halafu muvi inaendelea, lakini kompyuta ukiiambia ikopi faili inataka kila kitu kiwe sawa na ikikosa inasusa kazi yote.

Kwa hiyo usikopi kwa kuburuta faili. Tafuta programu inayosoma diski ikiwa mbichi hivyo hivyo na inayokubali kuruka palipoharibika, IsoBuster inaweza, na kwa wale wa Linux ipo vcdxrip. Na ukitaka kutunza nakala ya diski nzima ihifadhi kama jozi ya faili za BIN na CUE, usihifadhi kama faili la ISO, manake ISO ya kawaida inachukua zile baiti 2,048 tu na VCD yako itaingia ikiwa imekatwa miguu. Hili naomba mlishike, nimeona watu wamehifadhi maboksi mazima kwa ISO wakauza diski zenyewe, halafu wakaja kufungua hakuna kitu.

Kabla ya yote isafishe. Kitambaa laini, maji kidogo, unafuta kutoka katikati kwenda ukingoni, mistari iliyonyooka, usizungushe kama unaosha sahani, manake mkwaruzo unaofuata mzunguko wa diski unaharibu data mfululizo na huo ndio mbaya kuliko unaokatiza. Jaribu pia kusomea kwenye mashine tofauti, hizi za kusoma CD hazilingani hata kidogo, diski inayokataliwa na moja inapita kwa nyingine bila kelele, na kama programu inaruhusu punguza spidi. Upande wa kuangalia sana ni ule wenye picha au maandishi sio ule unaong'aa, watu wanalinda ule wa chini wakati tabaka lenye data liko juu kabisa chini ya rangi, upande wa chini una plastiki nene ya kulilinda lakini huku juu ni vanishi nyembamba tu. Ishike kwenye mwanga, ukiona vitundu mwanga unapenya, hapo data imeshaondoka na hakuna programu ya kuirudisha.

Na zile ulizonunua Kızılay kama chini zina rangi ya kijani au bluu ujue zimechomwa na mtu kwenye kompyuta, sio za kiwandani. Anza na hizo, leo, manake rangi yake inaliwa na mwanga na joto. Zile za fedha tupu zinaweza kusubiri wikiendi.

Kaka habari. Nimefanikiwa kucheza VCD zangu kwenye TV mpya inchi 55 lakini picha ni aibu, sura ya stelingi kama imeoshwa na sabuni. Zamani ilikuwa safi kabisa, sasa diski zimechakaa au? – Wa İzmir

Hazijachakaa ndugu yangu. Picha ya diski haififii polepole kama kanda ya VHS, ama inasomeka ama inakata. Kilichobadilika ni kioo chako. VCD ya mfumo wa PAL, ule wa TV za Uturuki, ina pikseli 352 kwa 288, ukizidisha unapata kama laki moja na elfu moja hivi. TV yako kama ni 4K ina zaidi ya milioni nane. Kwa hiyo TV inachukua kipikseli kimoja inatakiwa ikitandaze mahali pa themanini, na hizo themanini inabidi izibuni yenyewe, ndio hiyo sabuni unayoiona.

Na kuna kilichopotea hata kabla diski haijatengenezwa. TV ya Uturuki ilikuwa inarushwa kwa mistari 576, inapishana nusu kwa nusu mara 50 kwa sekunde, ndio ule mwendo laini wa tamthilia zilizopigwa kwa kamera za video. VCD ilichukua nusu ya mistari ikatupa nusu, ikabaki na picha 25 kwa sekunde, halafu ikabanwa ipite kwenye kilobiti 1,150 kwa sekunde wakati DVD inaruhusiwa mpaka 9,800. Mtu akikimbia ngazini unaona vigae vinamfuata.

Ile TV ya kichogo ilikuwa inayaficha yote haya kwa sababu yenyewe ilikuwa na ukungu wake. Sasa fanya hivi: kwenye rimoti tafuta uwiano wa picha weka 4:3, usiruhusu itanuliwe ijaze kioo, manake ukimtanua mwigizaji kama Şener Şen anakuwa mtu mwingine. Zima ile mambo ya kunoa picha, inanoa vigae. Kaa mbali. Au tazama kwenye dirisha dogo la laptopu, kusema kweli VCD kwenye dirisha dogo inapendeza mpaka leo. Zile programu za akili bandia za kukuza picha mi sizipendi, zinamchorea mtu macho ambayo hakuwa nayo, lakini ukitaka kucheza nazo cheza kwenye nakala na ile asili iache ilivyo.

Shikamoo Kaka. Mi naishi Istanbul na mume wangu Mturuki, juzi tulikuwa tunatazama marudio ya tamthilia za zamani kwenye TV kila anayevuta sigara mkono umefunikwa ukungu, glasi mezani nazo ukungu, mpaka ikawa kama chumba kinaungua. Mume wangu anaapa zamani haikuwa hivyo. Tunazo VCD kwa mama mkwe, zenyewe ziko wazi? – Bibie wa Üsküdar

Marahaba. Mumeo yuko sahihi, na barua yako ndio iliyonifanya niandae ukurasa huu wote.

Sheria ya kuzuia tumbaku Uturuki ilibadilishwa mwanzoni mwa 2008 na moja ya mambo yaliyoingia ni kwamba sigara isionekane kwenye TV, sio matangazo tu, hata kwenye filamu na tamthilia na video za muziki. Halafu 2013 ikaja sheria nyingine ikaubana ulevi, hakuna kuonyesha picha za kuvutia watu kwenye pombe. Chaneli zinaogopa faini ya RTÜK, ile mamlaka ya redio na TV, kwa hiyo zinafunika kila kitu, sigara ukungu, glasi ya rakı, ile pombe yao kali, ukungu, na marudio hayasalimiki, hata kitu kilichopigwa 1994 kikirushwa leo kinafunikwa kwa sheria ya leo.

Sasa fikiria tamthilia za miaka ya 80 na 90. Zile zilikuwa za mtaani, za mezani, watu wanakaa wanakula wanabishana. Bizimkiler ilianza 1989 ikaenda mpaka 2002, jengo moja la ghorofa na wakazi wake, Sabri Bey msimamizi anayejiona waziri, Cafer mlinzi wa jengo, na Cemil mlevi na bia yake. Nieleze, Cemil ukimfunika chupa anabaki nani? Mzee anayeongea na wingu. İkinci Bahar nayo, 1998 hadi 2001, Şener Şen ana mgahawa wake wa kebab mtaa wa Samatya, Istanbul, na Türkan Şoray ndio yule mwanamke anayempindua roho uzeeni, nusu ya maneno mazito ya tamthilia za aina hiyo yanasemwa mezani, mtu ananyanyua glasi anasita anaishusha, hicho kitendo cha kusita ndio uigizaji wenyewe, halafu wewe unaonyeshwa ukungu unapanda unashuka.

VCD iliyobanwa kabla ya 2008 haijui sheria hizo. Iko vile vile mtu alivyoiona usiku ule. Picha mbovu ndio, lakini mkono unaonekana mkono. Kwa hiyo nikiulizwa VCD ina faida gani sa hivi, sitaji picha wala sauti, nataja hili. Nenda kwa mama mkwe, mbusu mkono kama kawaida ya huko, uliza boksi liko wapi. Sisemi sigara ni nzuri jamani, msiniandikie kuhusu sigara.

Niko Istanbul, nimezunguka Kadıköy yote na Jumapili nimeenda soko la vitu vya kale Feriköy, nataka tamthilia ya Kurtlar Vadisi kamili kwenye VCD, kipindi cha kwanza mpaka cha mwisho. Nimepata vipande vipande. Kuna mtu anazificha? – Mkusanyaji

Hazifichwi, piga hesabu. Kurtlar Vadisi ile ya kwanza ya mhusika Polat Alemdar, 2003 mpaka 2005, ina vipindi 97. VCD inabeba dakika 74 mpaka 80. Kipindi kikipita hapo, na vya miaka ile vilishaanza kurefuka, unahitaji diski mbili, ukikusanya zote unakaribia 200. Nani alikuwa ananunua diski 200 za kitu kimoja ambacho kinarushwa bure kila wiki? Watu walikuwa wananunua vipindi wanavyovipenda, kifo cha fulani, harusi ya fulani, au walichokikosa siku umeme umekatika. Tamthilia ya Gümüş ilikuwa na vipindi 100, hesabu ni ile ile. Kwa tamthilia ndefu VCD kamili ni ndoto, na ukimkuta muuzaji anakwambia anazo zote kwenye boksi moja la plastiki angalia vizuri, hizo ni DVD za kuchoma zilizobandikwa picha.

Mambo ni tofauti kwa zile fupi za TRT, televisheni ya taifa ya Uturuki. Aşk-ı Memnu ya 1975, ya mwongozaji Halit Refiğ na mwigizaji Müjde Ar, naongelea ile ya kwanza sio ile mpya ya Beren Saat, ina vipindi sita tu. Hiyo ni kazi ya TRT wakati ikiwa chaneli pekee nchini na bado ni nyeusi na nyeupe. Çalıkuşu ya 1986 ya Aydan Şener nayo ni fupi, inatokana na riwaya ya Reşat Nuri Güntekin, na ndio iliyopendwa sana huko Urusi enzi za Kisovieti. Mkusanyaji mwenye akili anaanza na za namna hii, zinaisha.

Ila kama unataka ushauri wangu wa bure, acha Polat kwanza. Tafuta hata diski tatu nne za Süper Baba, 1993 mpaka 1997, Şevket Altuğ ni Fiko, baba anayelea watoto watatu kule Çengelköy, mtaa wa Istanbul upande wa Asia. Kila kipindi kinajitosheleza kiasi, huhitaji kujua nani alimpiga nani risasi miezi sita iliyopita, na ukimaliza utataka kumrudia Altuğ huyo huyo kwenye Perihan Abla ya 1986 akiwa na Perran Kutman kule Kuzguncuk, ng'ambo ile ile ya Asia. Polat anataka umakini, Fiko anataka chai tu.

Nina VCD hazina mwaka popote. Nitajuaje za lini? – Mdau

Angalia bei kama stika haijabanduliwa. Ikiwa ni mamilioni, mfano 5.000.000 TL, ni kabla ya 2005. Tarehe 1 Januari 2005 Uturuki ilikata sifuri sita, milioni moja ikawa lira mpya moja, na hiyo lira mpya iliandikwa YTL mpaka mwisho wa 2008, baada ya hapo ikarudi kuitwa TL tu. Kwa hiyo stika ya YTL inakubana ndani ya miaka minne, hakuna ushahidi mzuri kama huo. Angalia pia kile kibandiko kinachometameta cha serikali, bandrol, kinachothibitisha kwamba ni halali. Haina? Basi ni ya wizi au stika imetoka. Na ikiwa kwenye bahasha nyembamba ya karatasi badala ya boksi, pengine ilikuja na gazeti, miaka ile magazeti ya Uturuki yaligombea wasomaji kwa kugawa VCD.

Kaka wa Deki, mimi nina Gümüş lakini wanaongea Kiarabu na majina sio yale, Mehmet anaitwa Muhannad. Nimepigwa? Na ni kweli watu milioni 85 waliangalia mwisho wake? – Wa Mersin

Hujapigwa, hiyo ni Noor, Gümüş iliyotiwa sauti za Kiarabu cha Syria ikarushwa na MBC, chaneli ya Kiarabu, 2008, Gümüş mwenyewe akawa Noor na Mehmet anayeigizwa na Kıvanç Tatlıtuğ akawa Muhannad. Ile milioni 85 ni hesabu iliyotolewa na MBC wenyewe kwa kipindi cha mwisho cha Agosti 2008, ichukue hivyo hivyo, ya mwenye mali. Kilicho wazi ni kwamba watalii wa Kiarabu walimiminika Istanbul kuliona lile jumba la ufukweni mwa mlango-bahari wa Bosphorus ambalo familia ya tamthilia ilikuwa inaishi.

Ila usidhani unayo Gümüş ile ile. Waarabu walikata vipindi upya kwa mpangilio wao na kuna vitu viliondolewa njiani kwa ajili ya maadili ya watazamaji wao, kwa hiyo ukiipanga pembeni ya ile ya chaneli ya Kanal D ya 2005 mpaka 2007 hazitaenda sambamba. Zitunze zote mbili. Mi naona hiyo ya Kiarabu ina utamu wake, zile sauti za Damascus zinalia vizuri kuliko Waturuki wenyewe, lakini hayo ni maoni yangu na najua nitatukanwa.

Mbona mnajisumbua, si kila kitu kiko YouTube? – Kijana wa Bursa

Vingi viko, sikatai. TRT imefungua hazina yake, ingia TRT Arşiv utakuta mambo ya ajabu, na tamthilia nyingi za chaneli binafsi zimepandishwa na wenyewe. Mtu anayetaka tu kumwona Fiko kabla hajalala namwambia aende huko.

Lakini tazama kwa jicho kali. Nyingine zimekatwa juu na chini ili picha ya 4:3 ijaze kioo kipana, watu wanaongea paji la uso halipo. Kuna zilizonyamazishwa sauti pale wimbo ulipokuwa kwa sababu ya haki za muziki. Nyingine zimetoka kwenye yale marudio yenye ukungu niliyomweleza bibie wa Üsküdar. Na nyingine leo ipo kesho inakwambia haipatikani nchini kwako, na huna wa kumuuliza. Kwa hiyo tazama YouTube, mi mwenyewe natazama, ila boksi la mama mkwe liacheni kwanza mpaka mlinganishe.

Nataka nichome nakala za VCD zangu niuze kwa wabongo wenzangu huku Kumkapı, Istanbul, dili au sio dili? – Mjasiriamali

Sio dili. Sheria ya Uturuki ya haki za kazi za sanaa, namba 5846, inakuruhusu kujikopia kwa matumizi yako mwenyewe bila faida. Ukianza kuuza umetoka humo, na tangu 2004 kuuza diski barabarani kulipigwa marufuku, hata hizo zenye bandrol. Na wewe ni mgeni na karatasi zako za ukaazi, unataka polisi wakukute na begi la Kurtlar Vadisi kweli?

Kaka, VCD yangu sauti inatoka spika ya kushoto tu, kulia kuna muziki bila maneno. Mbovu? – Fundi wa Konya

Nzima. VCD ina njia mbili za sauti na baadhi ya watengenezaji walizitumia tofauti, upande mmoja maneno upande mwingine muziki, hasa kwenye karaoke, au lugha mbili tofauti. Kwenye rimoti ya deki tafuta kitufe cha sauti cha kuchagua L (kushoto) au R (kulia), weka L zitoke maneno spika zote mbili. Kwenye VLC nenda sehemu ya sauti, kwenye hali ya stereo, chagua kushoto. Na hiyo diski kama ni ya karaoke na nyimbo zake ni za tamthilia, niandikie jina lililoko kwenye boksi, nina watu wanne hapa wanaitafuta.